Majarida ya Watoto ya India: Lipi Limfae Mtoto Yupi

Mzazi au mwalimu anayetaka kumchagulia mtoto jarida nchini India hana upungufu wa majina. Anachokosa ni namna ya kuyapima. Majarida haya yamekuwapo kwa zaidi ya miaka 100, yanachapishwa kwa Kihindi, Kibengali, Kimalayalam, Kitamil, Kimarathi, Kiingereza na lugha nyingine nyingi, na karibu kila moja hujinadi kwa maneno yaleyale: burudani, maarifa na maadili mema. Maneno hayo hayamsaidii mnunuzi, kwa kuwa hakuna mchapishaji atakayejinadi kwa kumchosha mtoto. Ulinganisho huu unatumia kipimo kingine. Unauliza kila jarida linampa mtoto nafasi gani: ya kusikiliza, ya kucheka, ya kufundishwa, au ya kuandika na kuchunguza yeye mwenyewe. Kwa maoni yangu, athari ya jarida kwa msomaji mdogo huonekana zaidi katika nafasi hiyo kuliko katika funzo linalobandikwa mwishoni mwa hadithi, ambalo watoto wengi huzoea mapema kuliruka.

Kabla ya yote kuna suala la lugha. Familia nyingi za mijini huwanunulia watoto majarida ya Kiingereza kwa sababu shule zao ni za Kiingereza, ilhali majarida yenye uandishi bora zaidi, kama nitakavyoeleza, ni ya Kihindi, Kibengali na Kimalayalam. Msomaji wa Kiswahili anayeishi Pune au Bengaluru kwa masomo au kazi, au anayeagiza akiwa Nairobi au Dar es Salaam, huenda akabaki na yale ya Kiingereza tu, nayo si mengi. Hata hivyo, kuyafahamu hayo mengine kutamsaidia kujua alitarajie nini jarida la mtoto.

Chandamama na Tinkle

Chandamama halichapishwi tena, lakini haliwezi kuachwa nje, kwa sababu ndilo ambalo babu na bibi wa watoto wa leo hulitumia kuyapimia mengine yote. Lilianzishwa Julai 1947, mwezi mmoja kabla ya India kupata uhuru, katika mji wa Madras ambao leo unaitwa Chennai. Waanzilishi walikuwa B. Nagi Reddi na Chakrapani, wabia wawili ambao walivuma pia kwa filamu zao za Kitelugu na Kitamil. Jarida lilianza kwa lugha hizo mbili, kisha lugha nyingine zikaongezwa hadi zikapita 10. Kazi ilifanyika Madras: hadithi zilitungwa na kuchorwa huko, maneno yakatafsiriwa kwa kila lugha, na picha zikabaki zilezile, hivyo mtoto wa Andhra na mtoto wa Maharashtra walikua na sura moja ya mfalme, ya mchawi na ya msitu.

Ukurasa uliojulikana kuliko yote ulikuwa ule wa mfalme Vikramaditya na pepo aitwaye Betal. Picha yake ni ya Sankar, yaani K. C. Sivasankaran, aliyejiunga na jarida mwanzoni mwa miaka ya 1950 na kulitumikia kwa miongo mingi: mfalme anatembea usiku mahali pa kuchomea maiti, upanga mkononi, na maiti iliyoingiwa na pepo imelala begani mwake. Njiani pepo humsimulia mfalme kisa ili kumpunguzia uchovu, na mwishoni humtupia swali. Mfalme akilijua jibu na akanyamaza, kichwa chake kitapasuka vipande vipande. Akijibu, amevunja ukimya aliotakiwa kuutunza, na pepo anaruka kurudi kwenye mti ambako mfalme alimtoa. Ndiyo maana kila kisa kilianza kwa mfalme kuuendea tena mti uleule. Visa vya asili, vilivyotoka katika fasihi ya Kisanskriti, ni 25 tu; vilipokwisha, wahariri waliendelea kutunga vipya katika mtindo huohuo kwa miaka mingi, na wasomaji hawakuchoka.

Wengi huliita Chandamama jarida la maadili. Mimi naona nguvu yake ilikuwa katika ile nafasi ndogo kati ya swali na jibu. Mtoto asiye na pupa aliweza kuhukumu kabla ya mfalme, na hukumu ya mfalme mara nyingi haikuwa ile iliyotazamiwa. Katika kimojawapo cha visa vya asili, bibi arusi anaruhusiwa na mumewe aende kutimiza ahadi aliyompa kijana mwingine, njiani anakutana na mwizi anayemwachia vito vyake vyote, na kijana naye anamrudisha kwa heshima. Nani kati ya wanaume hao watatu alikuwa mwungwana zaidi? Mfalme anajibu kwamba ni mwizi. Mtoto wa miaka tisa anaweza kubishana na jibu hilo wiki nzima, na ubishi huo una faida kubwa kuliko sentensi yoyote ya mwisho inayomwambia awe mkweli. Kulikuwa pia na shindano la picha mbili, ambamo wasomaji walituma maneno machache ya kuziunganisha. Ni jambo dogo, lakini lilimfanya mtoto wa kijijini ashike kalamu na kutafuta stempu.

Kasoro zake hazifichiki. Ulimwengu wa Chandamama ni wa wafalme, wafanyabiashara, Wabrahmani na wanakijiji wajanja. Wanawake ni wake na mabinti wa wafalme, na mtoto mwenyewe ni nadra kuwa mhusika mkuu. Msomaji wa tabaka la chini angepata taabu kujiona humo, isipokuwa kama mtumishi. Inashangaza kidogo, kwa kuwa mhariri wa toleo la Kitelugu kuanzia 1952 hadi alipofariki mwaka 1980 alikuwa Kodavatiganti Kutumba Rao, mwandishi wa mrengo wa kushoto ambaye katika maandishi yake ya watu wazima alipinga ushirikina. Labda aliamini kwamba mtoto anayeruhusiwa kuota mapepo utotoni hatayahitaji ukubwani. Kama ndivyo, simlaumu.

Msomaji wa pwani ya Afrika Mashariki hatakuwa mgeni katika kurasa hizo. Kisa cha nyani na mamba katika Panchatantra, mkusanyiko wa kale wa ngano za Kihindi, pamoja na kile cha punda asiye na moyo wala masikio kilichomo ndani yake, ndicho kilekile ambacho Waswahili wamekisimulia tangu zamani kama kisa cha kima, papa na punda wa dobi.

Tinkle ni jarida la hali nyingine. Lilianza Bombay, yaani Mumbai ya leo, mwaka 1980, kwa Kiingereza, chini ya Anant Pai, ambaye watoto walimwita Uncle Pai. Alikuwa tayari ameanzisha mwaka 1967 vitabu vya picha vya Amar Chitra Katha, baada ya kuona katika televisheni, kwa simulizi yake mwenyewe, vijana wa Delhi wakijibu bila shida maswali kuhusu miungu ya Wayunani na kisha wakishindwa kumtaja mama yake Rama, shujaa wa utenzi wa Kihindi wa Ramayana. Amar Chitra Katha ilikuwa ya mashujaa na miungu. Tinkle likawa la vichekesho, mafumbo na sayansi nyepesi, karibu lote likiwa katika vibonzo. Wahusika wake wamedumu kuliko wahariri. Suppandi, mtumishi mwenye kichwa chembamba na kishungi cha nywele, alitokana na hadithi za Kitamil zilizotumwa na msomaji mmoja na kuanza kuchapishwa mwaka 1983. Msomaji wetu asimchanganye na Abunuwasi: Abunuwasi hujifanya mjinga ili ashinde, ilhali Suppandi hutii kila neno la bwana wake kwa ukamilifu hadi kazi inaharibika, na mtoto hucheka kwa sababu ameliona kosa kabla yake. Yupo pia Shikari Shambu, mwindaji mwoga ambaye kofia yake hufunika macho na ambaye hufaulu kwa bahati tu. Zama zilipobadilika na uwindaji ukakosa heshima, Shambu naye alibadilishwa kuwa mtu wa kulinda wanyama, jambo linaloonyesha kwamba wahariri walikuwa wakitazama dunia ya nje.

Jambo ambalo wazazi wengi hawalijui ni kwamba Tinkle la miaka ya mwanzo lilitegemea sana barua. Watoto walituma ngano walizozisikia kwa bibi zao, jarida likazichora na kuchapisha jina la aliyetuma. Kwa njia hiyo ngano ya Assam ilimfikia mtoto wa Goa kwa Kiingereza chepesi, na mtoto aliyeituma alijifunza kwamba kilichosimuliwa jikoni kwao kinafaa kuchapishwa. Hilo, kwa kipimo nilichokitaja, ni jambo kubwa kuliko umaarufu wote wa Suppandi. Kadiri miaka ilivyopita sehemu kubwa zaidi ilianza kutungwa ofisini, na kampuni ya ACK Media ikalinunua jarida mwaka 2007. Pai mwenyewe alifariki Februari 2011. Kazi ya ofisini si mbaya: mwaka 2015 lilimleta WingStar, msichana shujaa kutoka Mizoram aitwaye Mapui Kawlim, na kwa watoto wa kaskazini-mashariki, ambao wakifika Delhi au Bengaluru huulizwa kama kweli ni Wahindi, kuiona sura kama yao kwenye jalada hakukuwa jambo la mapambo.

Tukiyaweka haya mawili pamoja, tofauti yao ni ya mwendo. Chandamama lilidai mtoto akae. Aya zake zilikuwa ndefu, na picha ilikuwa moja au mbili kwa ukurasa. Tinkle humpeleka mtoto mbio, naye humaliza toleo ndani ya saa moja na kuuliza lingine. Kwa mtoto anayekimbia vitabu, Tinkle ndilo mlango mzuri kuliko yote ninayoyajua, na sioni aibu kuanza naye hapo hata akiwa na miaka kumi. Tatizo huja baadaye. Mtoto anaweza kuishi kwa vibonzo miaka mitano bila kusoma ukurasa mmoja kamili wa nathari, na yale madaftari manene ya Tinkle Digest, yanayokusanya hadithi za zamani, humrahisishia kukaa palepale. Mzazi anayeagiza akiwa mbali, na ambaye nauli ya posta humlazimisha kuchagua kitu kimoja, anunue Digest moja au mbili kisha atafute hadithi ndefu.

Chandamama nalo lina tatizo la kupatikana. Mgogoro wa wafanyakazi ulilisimamisha mwaka 1998; likarudi mwaka uliofuata, likanunuliwa mwaka 2007 na Geodesic, kampuni ya programu za kompyuta ya Mumbai, na mwaka 2013 likanyamaza kabisa. Matoleo ya zamani, yakiwemo ya Kiingereza, yamepigwa picha na yanasomeka katika intaneti. Ushauri wangu ni kwamba mtu mzima ayasome kwa sauti, asimpe mtoto simu na kuondoka, na akifika kwenye swali la pepo, asimame.

Champak na Chakmak

Majina yanafanana kidogo, lakini ukiyasoma kwa zamu utadhani yametoka nchi mbili. Champak limetolewa tangu mwishoni mwa miaka ya 1960 na Delhi Press, shirika la Vishwa Nath, ambaye jarida lake la watu wazima, Sarita, lilijulikana kwa kushambulia ukale wa kidini. Msimamo huo umeingia katika jarida la watoto kwa upole: badala ya miungu na mapepo, Champak lina msitu wa Champakvan, ambamo sungura, dubu na tembo huvaa nguo, huenda shule, hufungua maduka na kugombana na majirani. Linapatikana kwa Kihindi, Kiingereza na lugha nyingine kadhaa, na bado lina uzito sokoni. Mwaka 2025, mbwa wa roboti aliyetumiwa katika michuano ya kriketi ya IPL alipopewa jina la Champak, mchapishaji aliwafikisha waandaaji mahakamani Delhi.

Hadithi zake ni fupi, herufi zake ni kubwa, na mtoto wa miaka sita anaweza kumaliza moja peke yake na kujisikia mshindi. Hiyo ndiyo sifa yake kuu, nami naipa uzito. Ila mwisho wa kila hadithi unajulikana kuanzia aya ya pili: mvivu atajuta, mwongo ataumbuka, mwenye majivuno ataomba msamaha, na mwenye busara atasema maneno machache ya busara. Mtoto hukubali mpangilio huo akiwa mdogo kwa kuwa unampa usalama, na akifika miaka tisa huuacha mwenyewe bila kuambiwa. Mzazi asisikitike siku hiyo, wala asilipie mwaka mwingine.

Chakmak lilizaliwa Bhopal, mji mkuu wa Madhya Pradesh, Julai 1985. Mchapishaji ni Eklavya, taasisi iliyoundwa mwaka 1982 na watu waliokuwa na mkono katika mpango wa kufundisha sayansi katika shule za wilaya ya Hoshangabad, ulioanza mwaka 1972. Katika mpango huo wanafunzi wa shule za serikali za vijijini walifanya majaribio kwa mikono yao, wakitumia vifaa vya bei nafuu, badala ya kukariri majibu. Serikali ya jimbo iliusimamisha mwaka 2002. Jarida lilibaki, na ndani yake utaona imani ileile kwamba mtoto hupewa jambo la kutazama kwanza na maelezo baadaye. Makala ya sayansi huweza kuanza na mdudu aliye ukutani. Fumbo la hisabati huachwa bila jibu hadi toleo lijalo. Mashairi yameandikwa na washairi hasa, pamoja na Gulzar ambaye Wahindi wote humjua kwa nyimbo za filamu, wala hayasikiki kama yametungwa na mtu aliyeinama ili alingane kimo na mtoto.

Kuna sehemu mbili ambazo ningempa mtu yeyote azisome kabla ya kuamua. Ya kwanza inaitwa Mera Panna, ukurasa wa michoro na maandishi ya watoto wenyewe, kila moja ikiwa na jina la mtoto, darasa na mahali anapotoka, na mara nyingi mahali penyewe ni kijiji ambacho hakina duka la magazeti. Ya pili ni Kyon-Kyon. Jarida huuliza swali moja, kisha huchapisha majibu mengi ya watoto yakifuatana, marefu kwa mafupi, yanayopingana na yanayochekesha, bila mhariri kusema lipi ni sahihi. Msomaji wa miaka kumi na moja anayesoma majibu hayo hugundua kwamba swali moja linaweza kuwa na majibu manane yanayofaa, na pengine kwamba jibu lake la tisa halijaandikwa bado. Swali la Betal lilimwachia mtoto dakika chache kabla ya mfalme kujibu; hapa mfalme hayupo.

Kwa hiyo, kwa mtoto anayesoma Kihindi na amevuka miaka tisa, sisiti: Chakmak ndilo. Upungufu wake ni wa aina mbili. Halionekani sana kwa wauza magazeti wa vituo vya treni, ambako Champak halikosekani. Huenea zaidi kupitia shule, maktaba ndogo, mashirika ya elimu na wanaolipia kwa posta. Tena liko kwa Kihindi tu, na Kihindi chake kina ladha ya Madhya Pradesh ambayo mtoto wa shule ya Kiingereza ya mjini huenda akaiona ngumu mwanzoni. Atakayeona Chakmak ni zito anaweza kutazama majarida mawili ya Ektara, kituo cha fasihi ya watoto kilichopo mji huohuo wa Bhopal: Pluto kwa wadogo na Cycle kwa wakubwa, yote yakitoka kila baada ya miezi miwili. Pluto hasa linapendeza macho, na ni mojawapo ya machache yanayompa mtoto wa chini ya miaka minane shairi lisilo na mafunzo.

Kerala na Bengal

Kerala ni jimbo ambako watoto husoma majarida kwa wingi usio wa kawaida, na chaguo la huko ni kati ya makundi mawili. Upande wa biashara kuna Balarama, la kundi la gazeti la Malayala Manorama, lililoanza mwaka 1972 na ambalo hutoka kila wiki. Mhusika wake mkubwa ni Mayavi, kijipepo chema ambacho watoto wawili, Raju na Radha, walikitoa katika chupa, na ambacho wachawi Kuttoosan na Dakini hawachoki kutaka kukirudisha humo. Mashabiki wake ni wa rika zote; wapo wenye ajira na watoto wao ambao bado huisoma Mayavi kabla ya kumpa mtoto nakala. Upande wa pili kuna Eureka, la watoto wa shule za msingi, linalotolewa tangu mwaka 1970 na Kerala Sasthra Sahithya Parishad, jumuiya ya kueneza sayansi iliyoanzishwa mwaka 1962. Ni jumuiya hiyohiyo iliyokuwa mstari wa mbele kuutetea msitu wa Silent Valley usizamishwe na bwawa la umeme, na iliyoendesha kampeni ya kusoma na kuandika iliyoifanya Ernakulam mwaka 1990 kuwa wilaya ya kwanza ya India kutangazwa kuwa haina mtu asiyejua kusoma. Eureka haliishii kwenye karatasi, kwa kuwa jumuiya huandaa pia tamasha la sayansi la watoto linalobeba jina la jarida.

Nikilazimishwa kuchagua moja ningechukua Eureka, lakini katika jimbo hili sioni sababu ya kulazimishwa. Mtoto anayesubiri Balarama kila wiki amepata mazoea ya kusubiri maandishi ya Kimalayalam, na mazoea hayo ndiyo yatakayomwezesha kuvumilia makala ya Eureka kuhusu mzunguko wa maisha ya chura. Ninachokishuku ni kulipia jarida la Kiingereza badala ya yote mawili kwa hoja kwamba Kimalayalam atakijua tu nyumbani. Atakijua kukizungumza, kukisoma ni habari nyingine.

Bengal ina jarida kongwe kuliko yote niliyoyataja. Sandesh lilianzishwa Kolkata mwaka 1913 na Upendrakishore Ray Chowdhury, mwandishi, mchoraji na mtaalamu wa uchapaji wa picha, ambaye aliona watoto wa Kibengali wakisoma vitu vilivyochapwa vibaya na akaamua kufanya vizuri zaidi kwa mitambo yake mwenyewe. Mwanawe Sukumar Ray alilipokea mwaka 1915 na kulijaza mashairi ya upuuzi mtupu, yaani upuuzi wa ufundi, ambayo Wabengali wazima hadi leo huyanukuu wakiwa wamekaa kwenye chai. Baada ya kifo cha Sukumar mwaka 1923 jarida halikudumu, hadi mjukuu, Satyajit Ray, mtengenezaji filamu, alipolifufua mwaka 1961 pamoja na mshairi Subhas Mukhopadhyay. Humo ndimo wahusika wake wawili maarufu walipozaliwa: mwanasayansi Profesa Shonku mwaka huohuo wa 1961, na mpelelezi Feluda mwaka 1965. Ray hakuwa na mpango wa kuwa mwandishi wa hadithi. Aliandika kwa sababu jarida lilikuwa na kurasa za kujazwa. Wanaotafuta ushahidi wa athari za majarida ya watoto wautafute na hapa: athari hiyo iliwafikia waandishi pia.

Sandesh lilikuwa na sehemu ya watoto kujizoeza kuandika, Hat Pakabar Asar, na nyingine ya kutazama viumbe na mimea, Prakriti Parhuar Daptar. Kwa hiyo Chakmak lilikuwa na mtangulizi, ingawa watoto wa Sandesh walikuwa zaidi wa nyumba zenye rafu za vitabu. Anandamela, la kundi la ABP tangu mwaka 1975, ni jarida lenye fedha na rangi zaidi. Ndilo lililomleta Tintin, shujaa wa vibonzo vya Ubelgiji, kwa Kibengali, mbwa wake akiitwa Kuttush, na toleo lake nene la msimu wa Puja, sikukuu kubwa ya Wabengali, hujaa riwaya kamili za waandishi wakubwa. Nikitazama uandishi peke yake, toleo hilo la Puja ndilo kitu kimoja ambacho ningemnunulia kijana wa Kibengali wa miaka kumi na tatu ambaye hataki tena kuitwa mtoto. Sandesh ningemtafutia mdogo wake, pamoja na mkusanyiko wa zamani utakaopatikana.

Yaliyokufa na yaliyobaki

Mzazi ajue pia kwamba jina zuri analolikumbuka huenda halipo tena. Nandan, la Kihindi, lililoanza mwaka 1964, lilifungwa mwaka 2020. Parag la kundi la Times of India lilitoweka zamani zaidi. Kilichoyaua si upungufu wa wasomaji watoto tu. Makampuni makubwa ya magazeti yaliona matangazo ya biashara hayaji kwenye kurasa za watoto, na televisheni ikachukua jioni yao. Motu na Patlu, waliokuwa vibonzo vya jarida la Lotpot, walihamia televisheni mwaka 2012 na kuwa maarufu kuliko walivyokuwa kwenye karatasi. Serikali bado inatoa Bal Bharati, lililoanza mwaka 1948. Bei yake ni ndogo, nalo si baya kwa maktaba ya shule, ingawa lina harufu ya ofisi.

Kwa kuwa jarida laweza kufa katikati ya mwaka uliokwisha kulipiwa, nunua nakala mbili za miezi tofauti kwanza, na kabla ya kusoma hadithi hata moja fungua ukurasa wa wasomaji. Ukikuta barua za kusifu tu, zinazofanana, hizo ni mapambo. Ukikuta mtoto ametuma mchoro, swali, malalamiko kwamba fumbo la mwezi uliopita lilikuwa na kosa, au ngano ya kwao, jarida hilo lina watu ndani yake. Kisha mpe mtoto nakala zote mbili bila kumwambia ipi umeipenda, na utazame ipi itakayokutwa chini ya kitanda baada ya wiki. Kwa nyumba ya watoto wawili walioachana miaka minne inayosoma Kiingereza tu, mpango unaowezekana ni Champak la Kiingereza kwa mdogo, Tinkle kwa mkubwa, na Chandamama la zamani lisomwe kwa sauti kwa wote wawili siku za Jumapili; kwa nyumba inayosoma Kihindi, fedha ya majarida hayo mawili ya kununua ilipie Pluto na Chakmak.